Chumba Alimokesha Daktari McGillycuddy

Nilipokuwa muuguzi wa wagonjwa mahututi huko Omaha, niliomba likizo fupi nikasafiri na binamu yangu hadi Fort Robinson, kambi ya zamani ya jeshi la Marekani kaskazini-magharibi mwa Nebraska, kwa kuwa nilitamani kukiona kwa macho yangu chumba ambamo Crazy Horse, kiongozi wa vita wa Walakota, mojawapo ya mataifa ya wenyeji asilia wa Amerika, alikata roho usiku wa tarehe 5 Septemba 1877.

Majengo hayo mawili ya magogo, mahabusu na ofisi ya msaidizi wa kamanda, yamejengwa upya pale yalipokuwa ya zamani, nami nilitembea polepole kutoka moja hadi jingine. Ilikuwa kwenye mlango wa mahabusu ambapo Crazy Horse, akipambana asifungiwe ndani, alichomwa singe na askari mlinzi. Valentine McGillycuddy, daktari wa mkataba wa jeshi aliyekuwa na umri wa miaka 28, alilipima jeraha akajua kwamba halina tiba. Amri ya kamanda, Luther Bradley, ilikuwa majeruhi aingizwe mahabusu vivyo hivyo. Daktari akaipinga, akaonya kwamba Walakota waliokusanyika nje wasingevumilia, hadi ikakubaliwa apelekwe ofisini. Humo akalazwa sakafuni juu ya blanketi, daktari akawa anamdunga mofini na kukaa naye, pamoja na baba yake mzee na rafiki yake Touch the Clouds, mpaka alipofariki muda mfupi kabla ya saa sita usiku.

Niliitazama sakafu ile kwa muda mrefu. Mimi mwenyewe nimewadunga mofini watu wengi waliokuwa wakiondoka duniani, tena katika wodi yenye mashine na wenzangu wa zamu. Yeye alikuwa na bomba la sindano, taa, na jeshi lake mwenyewe lililokuwa limemjeruhi mgonjwa wake. Moyoni nilimheshimu sana.

Binamu yangu alikuwa na swali.

“Dada, si huyu ndiye aliyekuja kugombana na Red Cloud?”

Ndiye. Kuanzia mwaka 1879 hadi 1886 aliisimamia Pine Ridge, eneo walilotengewa Walakota, kwa niaba ya serikali, akaunda polisi wa Walakota wenyewe ili wanajeshi wasihitajike, lakini pia akapigana kufa na kupona kumvunjia Red Cloud mamlaka yake kama chifu wa Walakota, naye Red Cloud akadai mara kwa mara aondolewe. Baadaye alichaguliwa kuwa meya wa Rapid City.

Nilimwambia kwamba huruma ya usiku ule haifuti malalamiko ya Red Cloud, kwa sababu mgonjwa mmoja aliyetulizwa maumivu si sawa na taifa zima linalopangiwa maisha na mtu ambaye halikumchagua. Binamu yangu alishikilia kwamba bila polisi wale damu nyingi zaidi ingemwagika, na tukaendelea kubishana garini hadi Chadron.