Hapo Pana Mnazi

Juzi mwanangu karudi shule na swali: "Mama, mtondogoo ndiyo lini?" Nilikuwa nimekaa juu ya mbuzi nakuna nazi. Nikamhesabia kwa kidole: kesho, kesho kutwa, mtondo, mtondogoo. Akaridhika, akaenda zake. Mimi nikabaki nimeshika kile kifuu, kazi imesimama, kwa sababu mara ya mwisho siku hizo kuhesabiwa kwa kidole mbele yangu, kidole kilikuwa cha Babu na kilikuwa kimejaa mchanga mbichi.

Aprili 1999, Tongoni, kijijini kwa Babu pwani ya Tanga, masika yameshika. Nilikuja likizo na furushi la karatasi za kurudufu na insha ya kuandika, utangulizi wa fikra za kifalsafa za Kiafrika. Safari siisimulii. Barabara ya Pangani ya wakati ule, na mvua ile, mnaijua.

Kichwani nilikuwa nimejaza majina. Padre Tempels, Mbelgiji wa Kongo, ambaye kitabu chake cha 1945 kilisema kwamba kwa Wabantu kuwepo ndiyo nguvu yenyewe. Alexis Kagame wa Rwanda, aliyezishika ngeli za Kinyarwanda mwaka 1956 akatoa humo mafungu 4 ya vyote vilivyopo: umuntu, ikintu, ahantu, ukuntu. Mtu, kitu, mahali, namna. Na John Mbiti, Mkenya, ambaye mwaka 1969 aliandika kuwa Mwafrika wa jadi ana wakati wa pande mbili, akazipa majina kwa maneno yetu wenyewe: Sasa na Zamani. Wakati ni matukio, alisema, na ambalo halijatukia halijawa wakati. Mbele ya mtu kuna miezi kadhaa, ikizidi sana miaka 2, basi. Alivichunguza vitenzi vya Kikamba na Kigikuyu, hakukuta nyakati za kwenda mbali kuliko hapo.

Lilinikera. Nililala nalo, nikaamka nalo, na asubuhi nikamfuata Babu shambani.

Nilimkuta ndani ya shimo, limemfika mapajani. Mvua ilikuwa imekatika kidogo, maji yanadondoka kutoka kwenye makuti tu, tone moja moja, na upande wa bahari ukungu umefunika mikoko. Pembeni mwa shimo palikuwa na rundo la makumbi, kopo la chumvi, na mche wa mnazi wenye majani 4, bado umeshikamana na nazi yake.

"Shikamoo Babu."

"Marahaba, mke wangu. Nisogezee hayo makumbi."

Nikavua ndala, nikamsogezea. Akayapanga chini ya shimo, tumbo la kila kumbi likitazama juu, kusudi yashike maji hadi kiangazi. Hakufanya haraka. Kumbi lililokaa vibaya alilitoa, akaligeuza, akalirudisha. Halafu udongo wa juu, ule mweusi, halafu konzi ya chumvi. Ndipo nikamwambia kwamba yupo msomi kaandika kuwa Waafrika hatuna wakati ujao wa mbali.

Hakuinua kichwa. "Waafrika gani?"

"Wote, Babu. Sisi."

"Mie alinijia lini?"

Niliduwaa. Swali hilo ndilo Paulin Hountondji wa Benin alilokuwa akilipigia kelele tangu miaka ya 1970: mnasema Waafrika wanafikiri hivi, wanafikiri vile, je, ni nani hasa aliyefikiri, na lini mlimsikia akibishana? Na kule Nairobi, Henry Odera Oruka aliona dawa ni kuwaendea wazee mmoja mmoja, kila mtu kwa jina lake, kuwauliza, kisha kuwapinga uso kwa uso aone kama watatetea wanachosema. Babu hakuwahi kuwasikia watu hawa. Alikuwa anakanyagia udongo kwa kisigino.

Kisha akatoa mkono, akahesabu. Kesho, kesho kutwa, mtondo, mtondogoo.

"Na baada ya mtondogoo?" Kwa kweli nilimchokoza, maana moyoni nilikuwa tayari naandika.

"Baada ya mtondogoo mtu hahesabu siku. Anahesabu kazi." Akaelekeza kidole juu, kwenye mnazi wa jirani. "Kidaka, kitale, dafu, koroma, nazi. Na huu hapa hautanipa hata kidaka mpaka mwaka wa 7, wa 8. Miaka 8 si mbali?"

"Ni mbali."

"Basi mwambie."

Nilitaka kurukaruka. Laiti ningeondoka hapo hapo, leo ningekuwa na kisa kilichonyooka. Lakini nilikuwa na swali moja zaidi, na nililiuliza kwa mapenzi: "Kwa hiyo, Babu, unawapandia wanaokuja? Watoto wangu?"

Akanitazama muda mrefu. Mvua ikaanza tena, nyepesi, na hakuna aliyejisogeza.

"Hapa pana mnazi," akasema, na mkono wake ulikuwa juu ya shimo. "Baba aliupanda. Upepo umeuangusha nyie mko masomoni. Kaniachia minazi 40. Siku nitakapomkuta nimwambie nini, nimeleta 39?"

Akauchukua mche, akauingiza shimoni, akaniambia niushike usiiname wakati anafukia. Niliushika. Maji yalikuwa yananiingia machoni na sikuweza kufuta.

Insha niliiandika kwa siku 3. Kidole kimo, mtondogoo umo, miaka 8 imo. Baba yake Babu hayumo. Nilimwacha kwa makusudi, kwa kuwa alinivurugia hoja: mzee niliyemleta kama shahidi wa wakati ujao alikuwa amemgeukia marehemu. Nikapata alama nzuri. Mwalimu akaandika pembeni kwamba nimemjibu Mbiti barabara.

Sikumjibu. Mbiti mwenyewe alishayatengea nafasi mambo yanayofuata mzunguko wa maumbile, yale ambayo hayana budi kutokea kama misimu, na nazi ya mwaka wa 8 ni mojawapo. Hata kuhesabu kwa kazi badala ya siku ni karibu na alivyosema yeye. Nilimwonea Mbiti na nilimkata Babu nusu, kwa kalamu ile ile.

Na nusu niliyoitupa ndiyo inayonisumbua hadi leo. "Nitakapomkuta." Baba yake alikuwa kaburini miaka mingi, amekwisha kuwa Zamani kwa hesabu yoyote ile, na Babu alimwona mbele, njiani, akimngojea na hesabu ya minazi. Mtu atasema hiyo ni akhera, na akhera ilikuja na Uislamu. Sawa, lakini Tongoni pana magofu ya msikiti wa mamia ya miaka. Imani ya watu ikae kwa muda gani ndipo iitwe yao?

Kagame aliweka mahali na wakati katika fungu moja, ahantu. Mwaka ule nililisoma nikalipita. Siku hizi nikisema "hapo" huwa nasita. Hapo mlangoni. Hapo zamani. Hapo baadaye. Neno ni lile lile, na ulimi wangu umelijua tangu utotoni bila kuuliza.

Odera Oruka angemwuliza Babu swali jingine: hilo la kumpelekea baba hesabu umelirithi, au umelifikiri wewe? Mimi sikumwuliza. Alifariki 2003, mnazi haujatoa hata kidaka.

Mwanangu alirudi jikoni kabla sijamaliza kukuna. "Na baada ya mtondogoo?" Nikamwambia Jumamosi twende Tongoni tukahesabu minazi. Nilipohesabu mara ya mwisho ilikuwa 38.