Siku yangu na muuaji wa Kibirizi

Saa 11:30 alfajiri. Nashuka mwaloni Kibirizi, wanapofikia wavuvi wa Ziwa Tanganyika, na daftari langu, namulika njia kwa simu. Huku Kigoma jua hutuchelewa: Dar es Salaam kukishapambazuka, sisi bado tunapapasa kandambili. Mhariri wa riwaya yangu ya kwanza hakulijua hilo. Shahidi wangu alishindwa kumtambua mtu saa 12 asubuhi kwa sababu ya giza, mhariri akaandika pembeni kwa kalamu nyekundu, "Giza gani saa hizi?" Tulibishana wiki nzima.

Saa 1:00. Mitumbwi imerudi. Mama mmoja anatandaza dagaa mchangani kwa vidole, huku akichambua vitoto vya samaki aina ya mgebuka na kuviweka kwenye bakuli lake. Nakaa kando ya mzee anayeshona wavu, namsomea sura niliyoiandika jana. Mtuhumiwa anajitetea kwamba usiku wa mauaji alikuwa ziwani akivua dagaa, na mwezi mpevu ulilifanya ziwa ling'ae kama sinia.

Mzee akakata uzi kwa meno. "Mwezi mpevu?"

"Ndiyo, mzee wangu."

"Basi huyo hakwenda kuvua. Muongo."

Dagaa hufuata taa. Mbalamwezi ikitanda hawakusanyiki, na wavuvi huvuta mitumbwi pwani wakashona nyavu. Nimekulia hapa, nayajua hayo, lakini mwezi niliuweka kwa ajili ya urembo tu! Nusura nimbusu yule mzee.

Saa 3:00. Mezani. Mwezi nauhamishia sura ya pili: mtoto anacheza na kivuli chake uani usiku uleule wa mauaji, basi. Msomaji apite bila kushtuka. Halafu nahesabu siku kwenye kalenda nisije nikaumbuka mwenyewe.

Saa 7:00. Ugali na mgebuka wa mawese. Kisha steshenari, kutoa fotokopi mpaka jioni, maana sura ninazouza WhatsApp kwa shilingi 500 hazilipi kodi ya nyumba.

Saa 10:15. Mchapishaji anapiga simu. Hadithi ni nzuri, anasema, ila niihamishie Kariakoo, wasomaji wako huko. Namuuliza: Kariakoo mbalamwezi inamzuia nani kwenda kazini? Kimya. Pesa yake naihitaji, sikatai. Lakini mwaka 2024 ziwa lilipofungwa kwa uvuvi, kuanzia 15 Mei hadi 15 Agosti, nilitembea mwaloni bila kusikia injini hata moja, na riwaya hii ilianzia kwenye ukimya ule. Kariakoo ningeupata wapi?

Saa 3:00 usiku. Leo mwezi haupo. Taa zimejipanga ziwani kama mtaa. Nimerudi mezani, na mpelelezi wangu anamuuliza mtuhumiwa swali moja tu, tena kwa upole:

"Usiku ule ulipata ndoo ngapi?"

"Nne, afande. Na nusu."