Siku Tuliyohesabu Gemu za PS2

Mwaka 2014 mwenye banda moja la gemu pale Ngamiani, Tanga, aliamua kuachana na PlayStation 2 na kuhamia PS3. Alishampata mnunuzi kutoka Korogwe aliyetaka kubeba kila kitu kwa mkupuo: mashine, pedi, memori kadi na diski zote. Mnunuzi aliuliza swali moja tu kwenye simu: gemu ziko ngapi? Mwenye banda akamjibu kuwa ni mia mbili na ushee. Alipokata simu akanigeukia, maana mimi ndiye niliyekuwa na kompyuta yenye sehemu ya kuingizia DVD. "Dogo, nihesabie vizuri," akasema. "Mtu anatoa hela yake, sitaki aje aseme nimempiga."

Diski unaweza kuzihesabu kwa dakika chache. Gemu ni habari nyingine, na hakuna mashine inayolionyesha hilo kama PS2. Mwanzoni mwa 2011, Sony ilipotangaza kwamba imefikisha mashine milioni 150, ilisema gemu za PS2 duniani zimefika 10,828. Ukisoma orodha za wakusanyaji wanaohesabu kila gemu mara moja, utakuta kama 4,000. Hakuna anayedanganya hapo. Gemu iliyotoka Japani, ikatoka tena Marekani, ikatoka tena Ulaya, kwa hesabu moja ni tatu na kwa nyingine ni moja. Mpira wa kampuni ya Konami wa mwaka 2005, Japani uliitwa World Soccer Winning Eleven 9, Ulaya ukaitwa Pro Evolution Soccer 5, kwa kifupi PES 5, na Marekani ukaingia mwanzoni mwa 2006 kwa jina la Winning Eleven. Mieleka ya SmackDown: Here Comes the Pain kule Japani iliuzwa kama Exciting Pro Wrestling 5. Ulaya nako kuna gemu zilizotolewa kwa namba za utambulisho zaidi ya moja kwa sababu ya lugha tu.

Kwa hiyo nilimwambia mwenye banda, Kaka kama tulivyozoea kumwita, kwamba daftari litakuwa na safu mbili: diski na gemu. Akakubali, ingawa aliniangalia kama mtu anayeona hesabu yake inakwenda kupunguzwa.

Tulitandika shuka safi juu ya benchi, tukaanza na jambo jepesi kabisa: kugeuza kila diski na kutazama rangi ya chini. Nyeusi ni ya PlayStation ya kwanza. PS2 inaicheza, lakini haihesabiki kwenye gemu za PS2. Bluu iliyokolea ni CD ya PS2, aina iliyotumika sana miaka ya mwanzo kwa gemu ndogo zinazotosha kwenye megabaiti 700 hivi. Fedha ni DVD, na huko ndiko gemu nyingi ziliko: ya tabaka moja hubeba gigabaiti 4.7, ya tabaka mbili 8.5. Zambarau ni DVD iliyochomwa, yaani kopi.

Rangi peke yake haitoshi, kwa sababu baadhi ya CD tupu za dukani nazo zina bluu. Hapo unatazama duara la ndani, karibu na tundu. Diski iliyotoka kiwandani ina namba ya gemu imechorwa kwenye kioo chenyewe, na maandishi madogo ya IFPI, alama ya kutambulisha kiwanda. Kopi ina namba ya mtengenezaji wa diski tupu, basi. Kwenye kopi pia utaona mpaka mahali rangi inapobadilika: ndani ya mpaka ndipo palipochomwa, nje yake ni patupu. Gemu nyingi za kiwandani zilijazwa data isiyo na kazi ili yaliyomo yasogee ukingoni, ambako diski husomeka kwa kasi zaidi. Ukiona kopi ya gemu kubwa ambayo mpaka wake unaishia katikati, ujue kuna vitu vimekatwa humo.

Ndivyo ilivyokuwa kwa God of War II. Orijino yake ya 2007 ni DVD ya tabaka mbili, na diski tupu za aina hiyo zilikuwa ghali na lenzi nyingi za PS2 zilizisoma kwa shida. Wachomaji wakaibana iingie kwenye tabaka moja kwa kuondoa au kufifisha video. Banda lilikuwa na kopi kadhaa za gemu hiyo na hakuna hata moja iliyokuwa kamili. Niliandika "imekatwa" pembeni ya kila moja. Mnunuzi ana haki ya kujua anachukua nini.

Orijino hazikujaza hata boksi moja la viatu. Nyingi zililetwa na ndugu zake kutoka Muscat, zote za PAL, mfumo wa televisheni wa Ulaya, na chache za Marekani zilikuja ndani ya mashine za mtumba. Zilizobaki zote zilikuwa kopi zilizoandikwa kwa kalamu ya wino mzito, na maandishi ya kalamu hayana uhakika wowote. Hapo ndipo kompyuta ilipohitajika. Diski ya PS2 inasomeka kwenye kompyuta ya kawaida kama diski yoyote ya data. Ukiifungua unakuta faili moja dogo liitwalo SYSTEM.CNF. Lifungue kwa programu ya kuandikia maandishi, usome mstari wa kwanza. Kwenye diski ya Ulaya ya GTA: San Andreas ulisomeka hivi:

BOOT2 = cdrom0:\SLES_525.41;1

BOOT2 maana yake ni gemu ya PS2. Ya PS1 huandikwa BOOT bila 2. Herufi nne zinazofuata zinakueleza ukoo wake. SLES na SCES ni za Ulaya, SLUS na SCUS za Marekani, SLPM, SLPS na SCPS za Japani. Herufi ya pili ikiwa C, gemu imetolewa na Sony wenyewe. Ikiwa L, na kampuni nyingine kwa leseni. Chini yake kuna mstari wa VER unaotaja toleo. Na uzuri wa faili hili ni kwamba anayechoma kopi haligusi, kwa sababu akiliharibu gemu haiwaki. Kava inaweza kusema lolote, lakini mstari ule hubaki vilevile.

Tukafika kwenye mpira. Rundo la mpira ndilo lililokuwa kubwa kuliko yote, na Kaka alilipanga kwa fahari: PES 2011, PES 2012, PES 2013, FIFA 13, Winning Eleven 2012, moja iliyoandikwa "Ligi Kuu Bongo", nyingine "Champions League Mpya". Niliingiza ya kwanza, nikasoma namba. Nikaingiza ya pili. Ya tatu. Namba ileile. Diski baada ya diski ilifunguka na kuonyesha namba moja ya Pro Evolution Soccer 6, gemu ya mwaka 2006. Kaka alivuta kigoda akakaa karibu na kioo. "Hii niliinunua Kariakoo kama mpya," akasema. Nikamwonyesha tarehe za mafaili: makubwa ya AFS, ambamo mna jezi, sura, majina na sauti, yalikuwa yamebadilishwa miaka ya karibuni, mengine yote yalibaki ya 2006.

Siwadharau waliotengeneza matoleo yale. Mtu alikaa akachora jezi za Simba na Yanga kwa vipande vya picha vidogo kabisa, akabadilisha majina ya wachezaji mmoja mmoja, akahakikisha faili haliongezeki ukubwa kupita nafasi yake, maana likizidi gemu inaganda kwenye kupakia mechi. Brazili wanayo Bomba Patch, iliyotokana na mpira huohuo wa Konami, na wanaithamini kama gemu yao wenyewe. Ila kwenye hesabu ya gemu, PES 6 yenye jezi mpya ni PES 6. Tuliongeza safu ya tatu, "toleo la mtaani", ili kazi ile isipotee kwenye daftari. PES 2014 ya kweli ilikuwepo, iliyotoka Ulaya Novemba 2013, miezi kadhaa baada ya Sony kusimamisha utengenezaji wa PS2. Iko miongoni mwa gemu za mwisho kabisa kutolewa kwa mashine hiyo.

Tulipomaliza kusoma namba, umbo la maktaba ya banda likaonekana. Mpira. San Andreas. Mieleka. Tekken 5, Mortal Kombat, Def Jam: Fight for NY. Need for Speed. God of War. Baada ya hapo kuna vipande vya hapa na pale. Ukiiweka hiyo mbele ya maktaba nzima ya PS2, ni kona ndogo sana. Japani pekee ilitoa gemu chungu nzima zisizovuka bahari: hadithi za kusoma kwenye kioo, mahjong, pachinko, na mfululizo wa bei poa wa Simple 2000 wenye gemu zaidi ya 100. Ulaya walijaza SingStar za kuimba za kila nchi na lugha, Buzz! ya maswali, EyeToy ya kamera.

Sababu ya kona hiyo kuwa ndogo ni biashara yenyewe. Banda linauza dakika. Gemu inayolipa ni ile ambayo watu wawili wanakaa, wanacheza nusu mbili fupi, mmoja anafungwa, anayefuata anashika pedi. Hadithi ya saa 40 haiuziki kwa nusu saa, na gemu ya kusoma Kijapani haina mteja. SingStar inataka maikrofoni zake, Buzz! vitufe vyake, EyeToy kamera yake, na vyote hivyo havikuletwa na diski. Kwenye boksi la Muscat kulikuwa na Shadow of the Colossus orijino isiyo na mkwaruzo hata mmoja. Mtu mmoja tu kwenye pedi, hakuna goli wala mshindi wa kumtoa mwenzake. Nilimshauri Kaka aibakize. Hata leo naiona ni diski bora kuliko zote zilizokuwa kwenye lile shuka.

Kazi iliyofuata ilikuwa kupima uzima. Inua diski mbele ya taa: ukiona vitobo vya mwanga, tabaka la kuakisi limetoka, na hapo hakuna dawa. CD hufa kutoka juu, kwa sababu data yake imekaa chini tu ya lebo. Ukikwaruza upande wa picha umemaliza. DVD data iko katikati, kati ya vipande viwili vya milimita 0.6, kwa hiyo lebo ikichubuka bado ina nafasi, ila ufa kwenye tundu la katikati huifungua taratibu hadi ukingoni. Ufa huo unatokana na kuing'oa diski kwa nguvu kwenye kasha badala ya kubonyeza kitovu cha kasha kwanza. Mkwaruzo unaokwenda kutoka katikati kuelekea nje mashine inausahihisha; unaofuata duara unafuta data mfululizo na gemu inakwama palepale kila mara. Ndiyo maana diski hufutwa kwa kitambaa laini kutoka katikati kwenda nje, kamwe si kwa kuzungusha.

Kopi nyingi ziliuawa na jua la dirishani na stika za karatasi. Stika ikikaa upande, diski inayumba ikizunguka kwa kasi na lenzi inapoteza mstari. Zilizodumu zilikuwa DVD-R zilizochomwa polepole. Kabla ya kuandika "mbovu" tulijaribu kila diski kwenye mashine mbili, kwa sababu lenzi ya PS2 ina miali miwili, mmoja wa CD na mwingine wa DVD, na mmoja ukichoka mashine inasoma fedha na kukataa bluu huku diski ikiwa nzima.

Memori kadi ndizo zilizonifurahisha zaidi. Kaka alitaka kuzifuta ziende tupu. Nilimwomba tuzisome kwanza kwa uLaunchELF, programu ya kufungulia mafaili ndani ya PS2, maana kila folda ya kumbukumbu hubeba namba ya gemu yake: BESLES-52541 ni San Andreas ya Ulaya, BASLUS-20946 ni ileile ya Marekani. BE ni Ulaya, BA ni Marekani, BI ni Japani. Humo tulikuta namba za gemu ambazo diski zake hazikuwepo tena bandani: ziliazimwa, zilivunjika, zilichukuliwa. Tuliziandika kwenye ukurasa wa nyuma.

Hesabu ya mwisho ilikuwa diski 214, gemu 83. Kaka alimpigia mnunuzi akamsomea zote mbili, na akaeleza kwa nini. Yule wa Korogwe akanyamaza kidogo, kisha akauliza zile za mpira zenye jezi za Simba na Yanga ni ngapi, na akazitaka zote. Bei wakapatana kwa makundi: orijino peke yake, kopi nzima peke yake, mbovu bure. Zile za SLUS tulizibandikia kwenye kava, si kwenye diski, karatasi yenye neno NTSC, mfumo wa televisheni wa Marekani, kwa sababu televisheni isiyopokea mfumo huo ikiunganishwa kwa waya wa njano itaonyesha picha nyeusi na nyeupe, na mtu anaweza kudhani mashine imeharibika.