Mahali Panapotujua

Bwana Yesu asifiwe, wapendwa.

Wiki hii tafakari imenishinda kuandaa. Nilijaribu Jumatatu, nikajaribu tena Jumatano usiku watoto wakiwa wamelala, lakini kila nikifungua Biblia macho yalirudi kwenye Zaburi ya 103: "Mwanadamu siku zake zi kama majani, kama ua la kondeni ndivyo asitawivyo. Maana upepo hupita juu yake, kumbe haliko! Na mahali pake hapatalijua tena." Haya maneno tunayasoma makaburini, tena harakaharaka, jua likiwa kali na watu wamechoka. Nimeyasikia tangu utotoni na sikuwahi kusimama kwenye lile la mwisho. Hapatalijua tena. Basi kabla upepo haujapita, mahali pale palikuwa panalijua.

Aliyenisimamisha hapo ni bibi mmoja wa jumuiya yetu, Jumapili iliyopita, wala hakuwa ameshika kitabu.

Wengi wenu mnaukumbuka mkuyu wa uwanjani. Waliotutangulia waliabudu chini yake kabla ya tofali la kwanza kuwekwa. Kengele yao ilikuwa kipande cha reli, kikaning'inizwa kwa waya kwenye tawi la upande wa barabara, na waya ule mti uliumeza. Ukipapasa gome ulikuwa unaukuta humo ndani. Ubatizo, mafundisho ya kipaimara, vikao vya kupatanisha ndugu waliogombea mipaka ya shamba, vyote vilipita pale. Mwezi wa pili kamati ya ujenzi iliamua mti ukatwe tupate maegesho. Katibu wa kamati hiyo ni mimi. Muhtasari niliuandika kwa mkono wangu.

Kuna jambo sikuliandika kwenye muhtasari. Mzee mmoja aliinua mkono, akasema mti ule una mambo yake na watu wake, akaomba tusiamue siku ile. Mimi ndiye niliyemjibu. Nilimwambia, "Mzee wangu, sisi hatuabudu miti." Kikao kikanyamaza kimya. Nani angeendelea kubisha baada ya neno kama hilo? Tukanyoosha mikono, tukafunga kwa sala.

Kijana wa chenso alikuja Jumanne. Matawi yalimchukua siku nzima, shina likamchukua siku ya pili. Utomvu ulitoka kwenye mkato mweupe kama maziwa, ukashuka taratibu, ukachanganyika na unga wa mbao ukawa kama uji mzito. Hondohondo wawili waliokuwa wakija kila asubuhi kula kuyu walitua juu ya paa la kanisa, wakakaa pale hadi jioni. Na kwa kuwa mkuyu haufi kirahisi, tulishauriwa kumwagia kisiki oili chafu na kukitia moto. Kilifuka moshi siku tatu. Baadaye tukamwaga kokoto.

Sasa bibi. Kila Jumapili alikuwa akifika mapema kuliko wote, saa moja kasoro, anakaa kwenye mzizi mmoja uliojikunja kama kigoda, anafungua kanga, anatoa kitabu chake cha nyimbo. Jumapili iliyopita nilimkuta amesimama ukutani, kwenye kivuli chembamba cha paa, kanga kichwani. Nikamwamkia, nikamwambia ndani kuna viti, aingie akapumzike. Akanitazama kwa upole, akasema, "Naingia, mwanangu. Ila mti ule ulikuwa unanijua."

Sikuwa na la kumjibu. Na wapendwa, siku ileile tulikuwa tumeimba zaburi.

Nimekaa na neno la bibi huyu wiki nzima, na kila ninapogeuka naliona kwenye Maandiko. Adamu anatwaliwa udongoni, halafu Bwana anamweka bustanini "ailime na kuitunza". Ibrahimu anapanda mkwaju Beer-sheba, na hapohapo analiitia jina la Bwana. Nathanaeli anaambiwa alionekana chini ya mtini kabla hajaitwa. Zakayo anapanda mkuyu ili amwone Yesu, na ujue mkuyu ule ndio huu wetu, mti uleule unaoota kando ya mito yetu na kuzaa matunda yake shinani. Amosi naye, alipofukuzwa Betheli asitabiri tena huko, alisema yeye alikuwa mchungaji na mtunza mikuyu. Sisi tuna nabii mtunza mikuyu, na tukachoma kisiki.

Alhamisi usiku nilitoa kabatini kitabu cha Wangari Maathai, yule mwanamazingira wa Kenya, kile cha kumbukumbu za maisha yake kilichotoka mwaka 2006. Nilikuwa nimekisoma zamani kama habari za siasa na mazingira. Safari hii nilikisoma kama mtu anayetafuta rehema.

Anasimulia utoto wake Ihithe, kule Nyeri, alikozaliwa mwaka 1940. Mama yake alipomtuma kuni alimwonya asiokote hata kijiti kikavu chini ya mugumo, mti wa jamii ya mkuyu wetu. Mtoto akauliza kwa nini. Mama akamjibu kwamba huo ni mti wa Mungu: hatuutumii, hatuukati, hatuuchomi. Karibu na mugumo ule palikuwa na kijito. Wangari alikuwa akishuka kuteka maji, anacheza kati ya majani ya magimbi, anaona mayai ya vyura yamejipanga majini kama shanga. Anatia vidole chini yake ayainue avae shingoni, yanakatika. Siku nyingine anakuja anakuta shanga hazipo, maji yamejaa viluwiluwi weusi wanaopinda-pinda juu ya udongo wa kahawia.

Baadaye, akiwa mtu mzima, alikuta shamba lile limepata mwenye kulimiliki, na mwenyewe ameuona mugumo unamlia nafasi, akaukata apande chai. Kijito kikakauka. Wangari alikuwa amesoma sayansi, akaelewa: mizizi ya mugumo inashuka hadi kwenye mwamba, inaupenya, na maji ya chini yanaifuata kupanda juu. Mama yake hakuyajua hayo kwa lugha ya darasani, lakini kijito kilikuwa salama mikononi mwake. Halafu kuna jambo moja dogo ambalo Wangari analitaja na ambalo lilinifanya nifunge kitabu kwanza. Mahali uliposimama mugumo ule palibaki kipara. Hapakuota kitu.

Mahali pake hapatalijua tena.

Alipopokea Tuzo ya Nobeli ya Amani kule Oslo, tarehe 10 Desemba 2004, alikuwa na mengi ya kujivunia. Vuguvugu alilolianzisha mwaka 1977 lilikuwa limeshapanda miti milioni 30. Aliyataja hayo, lakini hotuba yake aliimalizia kijitoni, kwenye mayai ya vyura na viluwiluwi, akisema kazi iliyobaki ni kuwarudishia viluwiluwi makao yao. Mbele ya wafalme alisimama mtoto wa Ihithe anayepakumbuka mahali palipomjua.

Ngũgĩ wa Thiong'o naye, katika riwaya yake ya mwaka 1965, aliweka mto katikati ya matuta mawili yanayohasimiana akauita Honia, yaani ponya, rudisha uhai. Tungeweza kukaa hapo tafakari nzima. Lakini leo nina deni jingine.

Ndugu zangu, naomba mniruhusu niseme kwa uchungu. Neno "hatuabudu miti" ni la kweli, na mimi nililitumia kama shoka. Tumefundishwa kuogopa upagani hadi tukaanza kuogopa heshima. Mtu akisema msitu huu usikatwe, tunamwangalia kwa jicho la kumtilia shaka. Bibi akisema mti unamjua, tunaharakisha kumrekebisha. Lakini mama yake Wangari alisema ni mti wa Mungu. Hakusema mti ni Mungu. Na jina ambalo Wakikuyu walimwitia Mungu, Ngai, ndilo limo katika Biblia yao hadi leo. Yule mama alijua tofauti ambayo mimi, mwenye cheo kanisani, niliificha ili nishinde kura.

Na mimi ndiye niliyekuwa na haja ya kurekebishwa. Mtu anayeabudu mti ameukosea Muumba, kweli. Je, na mtu anayeuona mti kama nafasi iliyoliwa na kuni zilizosimama, huyo amempa Muumba utukufu gani? Zaburi ya 148 inaita "milima na vilima vyote, miti yenye matunda na mierezi yote" isifu jina la Bwana, inaitaja kabla ya kutuita wafalme na vijana na wazee. Mkuyu ule ulikuwa mwimbaji mwenzetu, tena wa siku nyingi kuliko kwaya yoyote tuliyonayo. Isaya anasema miti yote ya kondeni itapiga makofi. Itapiga makofi kwa kitu gani, ikiwa tumeshaikata? Hata vitani, sheria ya Musa iliwakataza Waisraeli kuipelekea shoka miti ya matunda ya mji wanaouzingira. Adui hatujaonyeshwa katika uwanja wa kanisa letu. Tulikuwa na magari tu.

Sisemi haya kwa mama anayechanja kuni ili watoto wale. Yeye Mungu anamwona, na mara nyingi yeye ndiye anayejua mti upi ni wa kuachwa. Nasema na sisi wenye uwezo wa kuchagua. Sisi tunaosimama Jumapili kumwimbia Bwana nyota na ngurumo na kazi za mikono yake, kisha Jumatatu tunasaini. Paulo aliwaandikia Warumi kwamba viumbe vyote vinaugua pamoja, vina utungu pamoja hata sasa. Kama vinaugua pamoja nasi, basi kuna mahali sauti zetu na zao zinakutana, na mtu wa Mungu anapaswa kuisikia sauti ile kabla ya kuwasha mashine.

Wapendwa, kila mmoja wetu ana mahali panapomjua. Huko kwetu mtu akiulizwa kwao ni wapi husema pale kilipozikwa kitovu changu. Wazee walipokuwa wakikifukia kitovu cha mtoto chini ya mgomba nyuma ya jiko, walikuwa wanamtambulisha kwa ardhi. Fikiri kidogo mahali pako ni wapi. Labda ni kisima mlichokuwa mkigombea zamu. Labda ni mwembe ambao mama alikuchapa kwa kuuparamia, na ndio huohuo alioketi chini yake kukubembeleza. Nenda. Kama ni mbali, nenda likizo hii. Simama pale kimya, omba pale, mshukuru Mungu kwa kila kitu kilichokuona ukikua. Wapeleke watoto wako, uwaonyeshe kwa kidole. Usione aibu kulishika shina. Bwana wetu alikesha mlimani akiomba usiku kucha, na usiku wa mwisho alikwenda bustanini, mahali ambapo Yohana anasema alipazoea pamoja na wanafunzi wake. Hata Yeye alikuwa na mahali palipomjua. Mizeituni ilimjua.

Nirudi kwenye kosa langu, maana sijamaliza kulitaja. Ayubu, katikati ya majivu yake, anasema mti una matumaini. Ukikatwa utachipuka tena, na hata shina lake likifa udongoni, "kwa harufu ya maji utachipuka". Hayo ndiyo matumaini tuliyoyamwagia oili. Kuukata ni kosa moja. Kuuzuia usirudi ni la pili, na la pili ndilo linaloniamsha usiku.

Ijumaa nilikwenda kwa yule mzee niliyemnyamazisha kikaoni. Nilimwomba msamaha mlangoni kabla hajanikaribisha kiti. Hakusema mengi. Alinipeleka nyuma ya zizi. Siku ile ya chenso alikuwa ameomba vijana wamwachie vipande viwili vya tawi, vinene kama mkono, akavibeba begani hadi nyumbani na kuvichimbia. Kimoja kimekauka. Cha pili kina majani matatu, na masika haya kimeshashika ardhi.

Amekubali kutupa. Jumamosi saa moja asubuhi tutakiinua na udongo wake na kukirudisha uwanjani, upande uleule wa barabara. Nimeshaomba kokoto za pale zichotwe na udongo uliolowa oili uchimbwe utolewe wote. Nafasi za magari mawili zitapungua, na wenye magari hayo, mmoja wao nikiwa mimi, tumekubaliana. Mje na majembe na madumu ya maji, bomba la kanisa halitoi tangu juzi. Bibi naye amesema atakuja. Anayepita njia ya kwao naomba ambebee kiti, maana mzizi wa kukalia haupo.