Saa Kumi Ina Harufu ya Mukene

Nimembuni msichana wa hapa Busia, upande wetu wa mpaka, Uganda, mwenye hali isiyojulikana hospitali yoyote. Nimempa jina Zuhura. Hajui wakati kwa kutazama saa. Anaupata puani, ulimini na kwenye ngozi. Saa moja asubuhi ni chumvi chini ya ulimi. Saa kumi ni harufu ya mukene, yaani dagaa wa ziwani, ulioanikwa juani, hata akiwa katikati ya Kampala.

Wazo nililipata kwa bibi yangu. Alipopoteza macho, swala haikumpita. "Alasiri hiyo, mjukuu wangu, ukuta umeanza kupoa," alikuwa akisema, mgongo ameuegemeza pale pale. Ikweta inapita nchini mwetu, jua huchomoza na kuzama karibu saa zile zile mwaka mzima, basi ukuta ule haukumdanganya Januari wala Julai.

Hali iliyo karibu na hii ipo kweli, sinesthesia, ambapo hisi moja huamsha nyingine. Wapo wanaoiona miezi ya mwaka imepangika kama duara mbele yao.

Sehemu inayonitesa ni msiba. Mama yake Zuhura akifa saa nane mchana, saa nane ya kesho yake itakuwa na ladha gani? Nimeandika mara tatu, nikafuta. Bibi alifariki alfajiri, na mpaka leo nikiamka saa kumi na moja nasikia harufu ya mkaa unaoanza kushika moto. Jana usiku nimempa Zuhura harufu hiyo.