Nyumba Yangu ya Miezi 360

Juma lililopita nilirudi kutoka zamu ya usiku nikakuta sandukuni bahasha nyembamba ya kampuni inayosimamia mkopo wangu wa nyumba. Katika miaka 16 niliyoishi jimbo hili la Minnesota nimejifunza kwamba bahasha nene huleta matangazo ya biashara, na nyembamba huleta msiba. Ndani mlikuwa na ukurasa mmoja wa hesabu na sentensi moja ya adabu: kuanzia mwezi ujao, malipo yangu yatapanda kutoka dola 2,131.73 hadi dola 2,431.73. Dola 300 kamili, kila mwezi. Ukihesabu dola kwa shilingi 129, hizo ni shilingi 38,700, na ninyi mnaopanga nyumba Nakuru, hata kule Milimani, hamhitaji nieleze zaidi.

Fedha zenyewe ziliniuma, lakini kilichoniudhi zaidi ni neno moja. Niliposaini mkopo huu Oktoba 2022 niliambiwa, tena kwa tabasamu, kwamba riba yangu ya asilimia 7 ni ya kudumu, haitapanda kwa miaka 30 hata dunia ikipinduka. Nikaelewa kwamba malipo nayo ni ya kudumu. Kumbe kinachodumu ni sehemu moja tu, ile ya dola 1,596.73 inayolipa mkopo na riba yake. Nyingine hupitia katika akaunti iitwayo eskro, ambamo mkopeshaji hukukusanyia kodi ya nyumba (ile ya serikali, si ya mpangaji) na bima kidogo kidogo, kisha akazilipa kwa niaba yako. Mwaka huu kodi ya nyumba yangu imetoka dola 3,300 ikafika 3,900, na bima imetoka dola 1,800 ikafika 3,000, kwa sababu huku mvua ya mawe huja na kiangazi na kuvunja mapaa jinsi inavyopukutisha majani ya chai kule Kericho na Nandi Hills. Kwa kuwa wao walikwisha kulipa viwango vipya kabla ya kunidai, nusu ya hizo dola 300 ni upungufu wa mwaka uliopita ninaotakiwa kuurudisha kwa miezi 12, na nusu ya pili ni gharama mpya itakayobaki. Hizo mbili, kodi na bima, haziishi hata mkopo ukiisha. Nitazilipa mpaka nife au niuze.

Ningenung'unika peke yangu na kulala, kama isingekuwa ujumbe wa mdogo wangu. Yeye ni mwalimu na anaishi London, yaani London yetu ya Nakuru, na alikuwa akinijulisha kwa furaha kwamba benki moja imekubali kumkopesha shilingi milioni 4 anunue nyumba huko Kiamunyi, alipe kwa miaka 20. "Nimefuata nyayo zako, kaka," aliandika. Nilikaa kitandani na sare yangu ya kazi nikayasoma maneno hayo mara kadhaa. Ni mimi niliyetuma ile picha nikiwa nimeshika funguo mbele ya mlango mweupe. Nilipokea pongezi za ukoo mzima, mama akafanya maombi ya shukrani nyumbani Njoro, na hakuna hata mmoja niliyemtumia ukurasa wa tano.

Ukurasa wa tano ni huu. Sheria ya Marekani humlazimu mkopeshaji kukupa taarifa ya mwisho ya mkopo, yenye kurasa tano, angalau siku tatu za kazi kabla ya kusaini. Ukurasa wa kwanza unaonyesha utalipa kiasi gani kwa mwezi, na hapo ndipo wengi wetu tunaanzia kusoma na kumalizia. Ule wa tano unaonyesha jumla ya yote utakayokuwa umelipa siku utakapomaliza. Nyumba yangu iliuzwa dola 260,000. Nilitanguliza 20,000, nikakopa 240,000. Katika ukurasa wa tano jumla ya malipo ni dola 593,000 na ushei, na chini yake pameandikwa kwamba riba pekee ni zaidi ya asilimia 139 ya fedha nilizokopa. Hakuna aliyenificha chochote. Nilisaini ukurasa huo nikiwa na njaa, wakala wa nyumba akitazama saa yake, na kalamu waliyonipa nikaondoka nayo kama kumbukumbu.

Sasa nimeifanya hesabu yenyewe, kwa sababu mtu akikasirika hupata nguvu za kupiga hesabu. Katika malipo yangu ya kwanza ya dola 1,596.73, riba ilichukua dola 1,400, na deni likapungua kwa dola 196.73. Baada ya miezi 36 nimekwisha kulipa dola 57,482, na katika hizo deni limepungua kwa dola 7,855 tu. Zaidi ya dola 49,000 zimekwenda zake. Malipo ya kwanza ambayo sehemu ya deni itaizidi sehemu ya riba yatakuwa ya 242, yaani baada ya miaka 20. Mpaka mwisho nitakuwa nimelipa riba ya dola 334,821, ambayo ni zaidi ya shilingi milioni 43. Sitaki hata kukisia ni ploti ngapi za hamsini kwa mia pale Lanet.

Watu wa nyumbani watasema huo ni wizi, na mimi mwenyewe nilisema hivyo siku mbili nzima. Lakini hesabu hii ni ileile ya Sacco zetu: asilimia moja kwa mwezi, juu ya deni lililobaki. Tena asilimia 12 kwa mwaka ni kubwa kuliko 7 yangu. Mkopo wa Sacco haukuumizi hivi kwa sababu unaulipa kwa miaka minne au mitano, na wadhamini wako wanakutazama kanisani kila Jumapili. Mimi nimepewa miaka 30 na hakuna anayenitazama. Muda mrefu ndio unaoshusha malipo ya mwezi hadi yakaonekana ya kibinadamu, na muda huohuo ndio unaoila nyumba mara ya pili.

Asilimia nayo si ya kudharau. Mwenzangu mmoja kazini, naye ni wa kutoka Kisumu, alikopa mwanzoni mwa mwaka 2021, wakati riba za huku zilikuwa zimeshuka hadi chini ya asilimia 3 kuliko wakati wowote uliopata kurekodiwa. Kwa mkopo kama wangu, riba ya asilimia 3 ingenigharimu jumla ya dola 124,266. Tofauti yetu ni zaidi ya dola 210,000 kwa kuchelewa chini ya miaka miwili. Mwaka ule fedha zangu zilikuwa zimeezeka nyumba ya mama, na sijutii hata bati moja, ingawa mwenzangu akiniringia malipo yake wakati wa chakula huwa naondoka mezani.

Niwe mkweli pia kwa upande wa pili, maana hasira isinifanye mwongo. Kabla ya hapa nilikuwa nimepanga nyumba ya vyumba viwili kwa dola 1,650, na kila mwaka niliongezewa. Zile dola 1,596.73 hazitaongezwa mpaka mwisho, hata mshahara wangu ukipanda na mkate ukiuzwa dola kumi. Nyumbani mikopo mingi ya nyumba ina riba inayoweza kupandishwa katikati ya safari, nawe ukapokea ujumbe mfupi wa simu wa kukuarifu. Hilo la kudumu kwa miaka 30 ni jema ambalo Wamarekani wamelizoea hadi hawalioni. Shida ni kwamba nililinunua nikidhani limefunika kila kitu. Halikufunika bima ya mkopo, ile ya dola 110 kwa mwezi ninayotozwa kwa kuwa nilitanguliza chini ya asilimia 20, bima inayomkinga mkopeshaji dhidi yangu kwa fedha zangu. Halikufunika tanuru la kupasha nyumba joto, lililokufa Januari ya mwaka wa pili, nyuzi zikiwa 20 chini ya sifuri, na kunitoa dola 5,800 kwa siku moja kwa sababu siku hiyo fundi hapatani bei na mtu.

Siku iliyofuata ile barua nilikwenda kwenye chama cha akiba na mikopo ambako nina akaunti, nia yangu ikiwa ni kulalamika tu kwa mtu yeyote aliyevaa kitambulisho. Nilihudumiwa na mama mmoja wa makamo ambaye mkopo wangu haumhusu kabisa. Alinikalisha, akasoma karatasi zangu kwa karibu saa nzima, kisha akaniuliza swali ambalo hakuna aliyewahi kuniuliza: je, nilijiandikisha katika kaunti kwamba nyumba hii ndiyo makao yangu mwenyewe? Sikuwa nimejiandikisha. Katika jimbo hili mwenye nyumba anayeishi ndani yake hupunguziwa thamani ya kutozwa kodi, lakini ni lazima aombe. Kwa miaka mitatu nimelipa kodi kama tajiri anayepangisha. Alinionyesha fomu, akanishauri niitafutie bima bei kwingine, na akanikumbusha kwamba deni likifika asilimia 80 ya bei ya nyumba nina haki ya kuomba ile bima ya mkopo iondolewe, na likifika 78 kwa ratiba ya malipo ni lazima waiondoe wenyewe. Kwa mwendo wangu, 80 nitaifikia baada ya miaka tisa na nusu tangu nilipoanza. Nilimshukuru kwa Kiingereza, na moyoni kwa Kiswahili.

Ni yeye pia aliyenifanyia hesabu ya dola 200. Nikiongeza dola 200 kila mwezi kuanzia sasa, nikaandika wazi kwamba ziende kwenye deni lenyewe na si kwenye malipo ya mwezi ujao, nitamaliza karibu miaka saba mapema na kuokoa riba ya takriban dola 84,000. Akanionya kuhusu wale wanaonipigia simu kunisihi nibadilishe mkopo riba ikishuka kidogo: malipo ya mwezi yatapungua, ndiyo, lakini mara nyingi wanaianza upya miaka 30, na gharama za kuandaa mkopo huo mpya nazo zinakuwa juu yangu.

Wewe unayesoma haya ukiwa na viza mkononi, au bado unaisubiri, nakusihi usikimbilie nyumba katika miaka yako ya kwanza huku kwa sababu ya picha za akina sisi. Wakala atakuuliza unaweza kulipa kiasi gani kwa mwezi, nawe utamjibu kwa kuhesabu ovataimu, kana kwamba mgongo wako nao umepewa mkataba wa miaka 30. Muulize jumla. Uliza kodi ilikuwa kiasi gani mwaka huu na ule uliotangulia. Na weka katika hesabu zako fedha unazotuma nyumbani, maana mkopeshaji haoni karo ya wapwa zako popote katika karatasi zake.

Kwa mdogo wangu niliandika hesabu yake yote kwa mkono, nikaipiga picha. Kwa shilingi milioni 4, riba ya asilimia 14, miaka 20, atalipa shilingi 49,741 kila mwezi. Katika malipo ya kwanza, shilingi 46,667 ni riba, na deni linapungua kwa shilingi 3,074, ambazo hazifiki mifuko mitano ya saruji. Akimaliza atakuwa amelipa karibu milioni 12, hata kabla ya wakili na ada nyingine. Nilimshauri atafute wakopeshaji wanaopata fedha kupitia lile shirika la kitaifa la kugharimia mikopo ya nyumba, ambao riba zao huwa chini ya asilimia 10, au anunue ploti kwa mkopo wa Sacco na kujenga chumba kimoja kimoja kama tulivyozoea. Alinijibu kwamba kujenga hivyo nako kuna riba yake: kodi ya pango unayolipa huku ukijenga, saruji inayopanda bei, na jamaa anayesimamia fundi. Hapo alinishinda. Mwaka 2014 nilituma fedha za mifuko 60 ya saruji, na mpaka leo hakuna anayeweza kunionyesha ukuta wake.

Bado hajaamua. Mke wake ameipenda ile nyumba, na benki imempa wiki mbili.

Jumapili nilimpigia mama, nikijua habari zimekwisha kumfikia. Aliniuliza lini hasa nyumba yangu itakuwa yangu. Nikamwambia Novemba 2052, nikiwa na miaka 74. Alinyamaza kitambo. Akanikumbusha kwamba marehemu baba alijenga ile ya Njoro kwa miaka minne, na kwamba tulihamia kabla haijawekwa milango, tukafunga magunia. Kisha akaniuliza kama kweli huko mvua ya mawe ikivunja paa hunidai mimi, ilhali nyumba bado ni ya benki.