Alama ya mmoja, nafasi ya mwingine

Kwa muda mrefu niliudhika kila niliposoma hukumu inayomwambia mtahiniwa kwamba mahakama si chumba cha kusahihishia mitihani, kwa sababu niliona ni majaji kukwepa kazi. Kesi za India zimenilegeza kidogo.

Mwaka 1983, katika shauri la Chuo Kikuu cha Kanpur, waliokuwa wakigombea nafasi za kusomea udaktari walifika Mahakama ya Juu wakitegemea vitabu vya kiada kuonyesha kwamba mwongozo wa majibu ulikosea. Walishinda, lakini kwa sharti gumu: mwongozo huhesabiwa kuwa sahihi mpaka kosa lake lionekane waziwazi, bila kulitafuta kwa mlolongo wa hoja, liwe kosa ambalo hakuna wajuzi wa somo wenye busara wangelitetea. Desemba 2017, katika shauri la ajira za walimu wa Uttar Pradesh zilizotangazwa mwaka 2009, mahakama hiyo iliongeza kwamba penye shaka, nafuu aipate mtahini. Hapo roho iliniuma, maana katika jinai shaka humwokoa mshtakiwa.

Lakini mtihani wa mchujo una mtu wa tatu, ambaye hakushtaki wala hakushtakiwa. Nafasi zimehesabiwa, hivyo alama anayoongezewa mmoja humsogeza mwingine chini, na huyo mwingine pengine anasikia habari za shauri baada ya hukumu kutoka.

Mfano ulio wazi ni mtihani wa kuingia vyuo vya udaktari wa mwaka 2024, uliofanywa na zaidi ya watu milioni 2.3. Swali moja la fizikia lilihusu uthabiti wa atomu. Kitabu cha zamani kilisema atomu za kila elementi ni thabiti. Kipya kilisema ni za elementi nyingi. Watahini, kwa kutotaka kumwonea aliyesoma toleo la zamani, wakakubali majibu mawili, chaguo la pili na la nne. Mtahiniwa mmoja aliyelalamika mahakamani alikuwa ameliruka swali hilo kwa kuogopa adhabu, kwani jibu sahihi lilileta alama 4 na kosa lilikata 1. Majaji hawakujifanya wanafizikia (na hilo nawasifu): Julai 22 waliagiza IIT Delhi, taasisi ya elimu ya juu ya teknolojia, iteue wataalamu watatu, walioleta jibu kesho yake kwamba chaguo sahihi ni la nne peke yake.

Zaidi ya watahiniwa 400,000 waliochagua la pili wakapoteza alama 5 kila mmoja. Kati ya 61 waliokuwa na alama zote 720, walibaki 17. Mlalamikaji mwenyewe hakuongezewa hata alama moja, kwa kuwa swali lililoachwa wazi ni sifuri kabla ya hukumu na baada yake. Kilichobadilika ni idadi ya waliokuwa mbele yake.